Usiandike Jina Langu kwenye Fishi

Munigi, tarehe 6 Septemba 2021

Kwako Sogokuru, babu yangu muheshimiwa, Muzee Munyakazi wa Bunagana,

Nakuamkia kwa mikono miwili, wewe pamoja na bibi yangu, Nyogokuru Dancille. Sisi hapa tuko wazima. Mama anakusalimia sana, bado anauza maharagi pale njia panda, na bado anagombana na kila mutu anayeshika maharagi bila kununua. Mbuzi uliyotupa imezaa mapacha. Barabara ile iliyokatwa na volkano mwezi wa tano inapitika tena, magari yanapanda juu ya mawe meusi. Unajua moto ulisimama nyumba tatu kabla ya kwetu. Mama anasema ni rozari yake. Jirani anasema ni muteremko tu. Hawaongei tangu siku hiyo.

Sasa nikuambie kilichonishikisha kalamu. Sogokuru, nataka kuwa polisi.

Wametangaza kwamba wanatafuta vijana, na wasichana pia, na mutihani ni mwezi wa kwanza. Nilipomwambia Mama alikataa siku tatu. Alisema mutoto wake wa pekee hawezi kusimama barabarani na filimbi mudomoni. Siku ya nne akakukumbuka wewe. Alisema hivi: «Baba yangu alivaa nguo ile miaka thelathini, alipigana na majambazi hadi masikio yakafa kwa mulio wa risasi, na alirudi muzima. Basi, enda.» Unaona? Ni jina lako ndilo lililonifungulia mulango.

Kwa hiyo nifundishe. Wanauliza nini? Wanakimbizaje watu? Na wewe uliwakamata wezi wangapi? Simu haitatusaidia, maana husikii, na ukiandikiwa ujumbe unasema herufi za simu ni za sisimizi. Nimemupa barua hii dereva Zéphirin, yule wa Fuso. Anapita kwenu kila juma, umurudishie jibu.

Ni mimi mujukuu wako mwenye haraka,
Igihozo


Bunagana, tarehe 19 Septemba 2021

Mujukuu wangu Igihozo, amani iwe juu yako na juu ya mama yako,

Barua imefika, ila inanuka samaki. Mwambie Zéphirin barua haikai pamoja na samaki za sambaza. Hapa sisi hatujambo. Nyogokuru yako anaumwa goti lakini mudomo ni muzima kabisa. Mpakani watu ni wengi, kila mutu na muzigo wake, kila muzigo na kelele yake, nami sisikii hata moja, aksanti kwa Mungu.

Nimefurahi. Nimesoma barua yako nikasimama, nikakaa, nikasimama tena. Polisi ni kazi ya heshima. Sasa shika haya.

Watu wengi wanakimbia kwa miguu, na ni kosa. Mutu anakimbia kwa hesabu. Hesabu ni nne: PUM, pa, pa, pa. PUM ni muguu wa kushoto, unaukanyaga kwa nguvu. Pa tatu zinafuata zenyewe. PUM, pa, pa, pa. Usiongeze mwendo kwa sababu mwenzako ameongeza. Usipunguze kwa sababu kifua kinalia. Ukipotea, usitafute hewa, tafuta PUM. Ukiipata, hewa itakuja yenyewe.

Kata kucha. Usivae viatu vipya siku ya mutihani, wala usile bugali ya kushiba asubuhi. Wakikuita jina, itika mara moja na kwa sauti.

Habari ya wezi tutaiongea siku nyingine. Mvua inakuja na maharagi ya Nyogokuru yako yako inje.

Babu yako,
Munyakazi

Mimi ni Nyogokuru, naongeza mustari huku muzee akianua maharagi. Siri ya mutungi aijuaye kata. Kula vizuri, mutoto wangu, na ukimbie.


Munigi, tarehe 24 Oktoba 2021

Kwa Sogokuru, mwalimu wangu wa mbio,

Pokea salamu nyingi kama mawe ya Munigi. Mwana-mbuzi mmoja amekula shati la arusi la jirani, yule wa muteremko, na sasa hatuongei mara mbili. Mengine yote ni mazuri.

Nakimbia! Nakimbia na Kahindo, rafiki yangu wa nyumba ya pili, ambaye watu wake walitoka Butembo na mafuta ya mawese wakabaki hapa. Yeye pia anataka polisi. Kila asubuhi tunapanda njia ya Kibati na kurudi. Siku ya kwanza nilipoanza PUM, pa, pa, pa, Kahindo alicheka akisema, «Wewe unakimbia au unatwanga majani ya sombe?» Akaniacha, akapotea mbele. Nilimukuta juu ya kilima amekaa kwenye jiwe, ulimi inje. Nilimupita nikitwanga sombe yangu. Juma la tatu alikuja mwenyewe: «Sasa nifundishe hiyo PUM ya babu yako.» Habari ya magoti yangu na mawe ya volkano tuiache.

Hapa kwa Mama wanawake wanauliza habari zako kila siku. Mwaka jana Mama alisema ulikamata majambazi wawili kwa mukono mmoja. Mwezi uliopita walikuwa wanne. Jana nimesikia saba. Tafadhali Sogokuru, walikuwa wangapi?

Tena kuna fishi, karatasi ya kujaza, mwezi ujao. Wanataka jina, shule, diploma, na swali moja limenifurahisha sana: «Nani katika jamaa yako aliwahi kutumikia polisi, na alifanya kazi gani?» Nitalijibu kwa herufi kubwa!

Mujukuu wako anayetwanga sombe,
Igihozo


Bunagana, tarehe 31 Oktoba 2021

Igihozo, mutoto wa binti yangu, salamu.

Sisi wazima. Goti la Nyogokuru limepona, sasa anatembea kuliko mimi. Ng'ombe moja ilivuka mpaka peke yake na imerudi bila kulipa kitu.

Nisikilize. Usiandike jina langu kwenye fishi.

Kwanza, kila mutu abebe jina lake mwenyewe. Pili, jina la muzee linaleta wivu kwa vijana wengine. Tatu, nimesema. Kwenye swali lile piga mustari, endelea mbele.

Mpe Kahindo pole ya ulimi wake.

Babu yako,
Munyakazi


Munigi, tarehe 28 Novemba 2021

Sogokuru mupenzi,

Nakusalimia kwa jina la Bwana. Barua yako ya tarehe 31 imenifikia juzi, tarehe 26! Fuso ya Zéphirin ilivunjika pale Rutshuru, na barua ililala wiki tatu na zaidi ndani ya koti lake, na koti lililala kwa fundi. Zéphirin anaomba musamaha. Alileta na kabichi moja ya kuomba musamaha.

Mama hajambo. Kahindo hajambo. Tunafanya mazoezi ya imla ya Kifaransa, na Kahindo anaandika neno «gendarme» kila siku kwa namna mupya. Urefu wangu nimeupima kwenye mulango: metre moja na sentimita sitini na moja. Wanataka sitini. Sijawahi kumushukuru Mungu kwa kitu kidogo hivi.

Fishi? Ndiyo, fishi nimeipeleka, tarehe 15. Ilikuwa ndefu, kurasa mbili. Maswali mengi. Mvua ilinyesha sana siku ile, mvua ya ajabu, hata daraja dogo la kwetu lilifunikwa.

Basi ubaki salama,
Igihozo


Bunagana, tarehe 12 Desemba 2021

Igihozo,

Salamu za Noeli kwenu wote. Nawatumia jibini mbili za Masisi, moja ya mama yako na moja yako. Mbuzi asizione.

Barua yako nimeisoma mara tatu. Nyogokuru ameisoma mara moja, akacheka, hataki kuniambia kwa nini. Mimi nilikuambia neno moja, wewe ukaniletea mvua.

Sitauliza uliandika nini. Kimbia kwa hesabu. Siku ya mutihani nitakuwa nimekaa kizingitini, nitapiga goti langu kwa mukono, nne, nne, tangu asubuhi. Ujue hivyo.

Munyakazi


Munigi, tarehe 23 Januari 2022

Sogokuru wangu,

Mwaka mupya uwe wa heri kwako na kwa Nyogokuru. Mama analala usingizi muzuri na utajua sababu. Mutihani umepita. Nitakueleza yote, na naomba usiruke hata mustari mmoja, hata ukitaka kuruka.

Walitupima urefu asubuhi mapema. Sitini na moja! Yule mwanamuke wa kupima alibonyeza kichwa changu na ubao mara mbili, nikasimama kama musumari, sentimita yangu ikabaki. Kisha meno, kisha macho. Hapo Kahindo alikwama. Mustari wa mwisho wa herufi hakuuona, wala ule wa juu yake. Kumbe tangu nilipomufundisha PUM, kule Kibati alikuwa ananifuata mimi tu, njia hakuiona! Alilia dakika tano. Halafu akafuta macho akaniambia, «Sawa. Nitanunua miwani, na mwakani narudi. Kwa sasa nakaa hapa kukuombea.» Sogokuru, yule ni rafiki.

Imla ilikwenda vizuri. Kisha mbio. Wasichana arobaini, mizunguko sita ya uwanja. Wengine walitoka kama mbuzi waliofunguliwa kamba. Niliwaacha waende. PUM, pa, pa, pa. Muzunguko wa pili nilianza kuwakuta. Wa nne, kifua kilinichoma, mawazo yakaruka, nikatafuta PUM nisiipate. Nikasema nimekwisha. Halafu nikakukumbuka kizingitini. Nilijipiga paja kwa mukono, pa! Nikasikia wewe unapiga goti kule Bunagana. Ikarudi. Nilimaliza wa saba, na sikutapika. (Nilitapika baadaye, nyuma ya choo. Hiyo haihesabiwi.)

Kwenye mustari wa mwisho kulikuwa muzee mmoja wa polisi, mvi kichwa kizima, ananiangalia kama mutu anayetafuta jina.

Muchana ikawa zamu ya maneno. Unaingia peke yako, mbele yako wakubwa watatu nyuma ya meza. Katikati alikaa yule wa mvi, kapiteni Hitimana. Mukononi alikuwa na fishi yangu. Akaisoma kwa sauti: «Babu yangu Munyakazi alikuwa polisi miaka thelathini. Alikamata majambazi saba kwa mukono mmoja. Alipoteza masikio kwa risasi.»

Ndiyo, Sogokuru. Niliandika, na kwa herufi kubwa. Onyo lako lilifika siku kumi na moja baadaye, nami niliona haya kukuambia, ndiyo maana nikakuletea mvua. Nisamehe.

Kapiteni akaniuliza, «Asubuhi ulipokuwa unakimbia, mudomo ulikuwa unasema nini?» Nikasema, «Hesabu, mon capitaine. PUM, pa, pa, pa.» «Nani alikufundisha?» «Babu.» Akaweka kalamu chini. «Babu yako ni murefu? Bega la kushoto limeshuka?» Nikasema ndiyo. Akafungua macho hivi! «Munyakazi wa fanfari, bendi yetu ya muziki? Munyakazi wa ngoma kubwa?»

Wale wawili walipasuka kwa kicheko. Mmoja akasema, «Majambazi saba! Labda aliwapiga na fimbo ya ngoma!» Mwingine alishika tumbo.

Sogokuru, nitakuambia ukweli wote. Akina Munyakazi ni wengi. Ningeweza kusema, «Hapana, mon capitaine, huyo ni mwingine.» Neno lilikuwa limeshafika kwenye ulimi. Lakini nilikumbuka bega lako. Nikakumbuka vidole vyako juu ya meza ukingoja chakula, na Nyogokuru anakwambia acha kupiga sahani. Nikakumbuka «usiandike jina langu». Kila kitu kikakaa mahali pake, na nikaona kwamba nikikukana pale, nimekukana kweli.

Nikasimama wima. Nikasema, «Ni yeye, mon capitaine. Yaliyoandikwa hapo si ya kweli. Niliandika niliyoyasikia nyumbani, sikumuuliza vizuri mwenyewe. Naomba kalamu nisahihishe.»

Kicheko kikakatika. Kapiteni akanipa kalamu yake. Nilifuta mistari yote mitatu, nikaandika: «Munyakazi, mupiga ngoma kubwa, fanfari ya polisi, miaka thelathini.» Nikarudisha kalamu. Nikangoja waniambie toka.

Kapiteni Hitimana alisema, si kwangu, kwa wale wawili: «Mimi nilikuwa rekruti, polisi mupya kabisa. Siku yangu ya kwanza ya maandamano ya polisi uwanjani sikujua kushoto wala kuume. Ngoma ile ndiyo iliyonitembeza. Miaka yote sikumusikia Munyakazi akikosa pigo hata moja.» Akaandika kitu kwenye fishi. Sikuona ni nini. Majibu yatabandikwa mwezi ujao.

Nilirudi nyumbani nikamwambia Mama. Alikaa juu ya gunia la maharagi na akacheka hadi wateja wakaja kuona. Halafu akalia kidogo, akasema: «Miaka thelathini, na hakumupiga mutu risasi, wala mutu hakumupiga yeye. Mungu wangu! Kwa nini hakuniambia? Nilipokuwa mutoto sikulala, nilikuwa nangoja waje kusema baba amekufa.»

Hakuna anayekudharau hapa. Tunakucheka, hilo siwezi kuficha, lakini ni kicheko cha kukupenda. Tafadhali jibu upesi.

Mujukuu wako,
Igihozo


Munigi, tarehe 20 Februari 2022

Sogokuru,

Salamu. Juma la nne hili. Zéphirin anakuja, anashusha mizigo, namuuliza, anaonyesha mikono mitupu. Anasema ukimuona unaingia ndani na kufunga mulango. Mama anasema nilikuandikia kwa ukali. Je, ni kweli?

Majina yamebandikwa Jumatano. Watu walikuwa wamejaa ukutani, Kahindo akapita katikati yao na miwani yake mupya, akasoma karatasi nzima kuanzia juu, neno kwa neno, kwa raha zake, mimi nyuma namuvuta nguo. Namba thelathini na mbili. Ni mimi. NIMESHINDA, Sogokuru! Kahindo alipiga kelele hadi yule jirani wa muteremko akatoka kunipa mukono. Sasa tunaongea.

Lakini furaha yangu inachechemea. Inakungoja wewe.

Igihozo


Bunagana, tarehe 27 Februari 2022

Igihozo, mujukuu wangu, namba thelathini na mbili,

Zéphirin alikuja mara nne, na mara nne nilijificha. Mara ya tano Nyogokuru alichukua barua yako, akanivika miwani kwa nguvu na kunionyesha kila mustari na kidole, kwa sababu mimi nilikataa kuisoma. Tulipofika «namba thelathini na mbili» niliita kwa sauti. Anasema hata mpakani wamesikia.

Nakuomba musamaha, wewe na mama yako. Hasa mama yako. Sikujua kwamba hakulala.

Nilikwenda kuandikishwa mwaka wa 1974. Kwenye mbio nilikuwa wa mwisho, nyuma yangu kulikuwa na mbwa tu, na mbwa yule alinipita. Kwenye bunduki nilifunga macho yote mawili. Waliniambia ningoje gari la kunirudisha nyumbani. Nimekaa pale, roho imevunjika, napiga ndoo na vidole. Mukubwa wa fanfari akapita. Akasimama. Akaniambia, «Piga tena.» Nikapiga tena. Basi, ndivyo nilivyokuwa polisi.

Na niliipenda ngoma ile, Igihozo. Sijamwambia mutu neno hili. Tulipiga sikukuu, tulipiga maziko, tulipokea wageni kwenye uwanja wa ndege. Watu mia tatu wananyanyua muguu kwa sababu mimi nimeshusha mukono! Nani mwingine katika jamaa yetu alifanya hivyo? Bega limeshuka kwa mukanda wa ngoma. Masikio yalikufa polepole, ngoma upande huu na matoazi upande ule, kila siku ya Mungu.

Lakini mara ya kwanza niliporudi likizo, na ile nguo mupya, watu wakaniuliza, «Umekamata wezi wangapi?» Nilicheka tu, nikanyamaza. Wakasema, «Mnaona, hataki kujisifu.» Jioni walikuwa wezi wawili. Sikusema uongo hata mara moja, ila ukweli nao sikuusema. Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu imekuwa na miaka arobaini na nane, na nilikuwa nimechoka kuitembea.

Nyogokuru alijua tangu siku ya uchumba. Alinipenda nikipita nyuma ya tumbo lile la ngozi, ngoma yenyewe.

Ulipoandika kuhusu fishi, niliogopa wakubwa watakucheka. Hofu kubwa zaidi ilikuwa siku ile utakaponiangalia na kuona mupiga ngoma. Sasa umeniona, na ulikuwa na kalamu mukononi, ukaandika jina langu mara ya pili. Nimesoma mustari ule hadi karatasi imechakaa.

Babu yako,
Munyakazi, fanfari


Munigi, tarehe 5 Machi 2022

Sogokuru, Munyakazi wa fanfari,

Nakusalimia nikiwa nacheka, Mama ananiambia niache kulowesha karatasi. Amekusamehe. Ila anasema majambazi saba bado ni wako, wateja wamewazoea.

Tunaondoka kwenda mafunzo. Jumamosi, tarehe 12, saa tatu asubuhi, kuna sherehe ya kutuaga uwanjani, na jamaa zote wameitwa. Fanfari itapiga. Juzi kapiteni Hitimana alikuja mwenyewe kwenye meza ya Mama. Alinunua maharagi kilo tano na hakuomba kupunguziwa, kwa hiyo sasa Mama anamuheshimu kuliko padri. Akasema: «Mwandikieni Munyakazi. Kijana tuliye naye kwenye ngoma kubwa anakimbia kama maziwa yanayochemka. Mimi napumzika mwaka huu. Nataka maandamano yangu ya mwisho nitembee kwa PUM yake. Wimbo mmoja tu.»

Najua utasema husikii. Ulinifundisha wewe mwenyewe, PUM haikai masikioni. Sikukuuliza kama unaweza. Nauliza unakuja na gari gani.

Nikikosa jibu nitaelewa. Lakini sitafurahi, nakuambia mapema.

Igihozo


Njiani, tarehe 11 Machi 2022

Igihozo wangu,

Herufi zinaruka kwa sababu Fuso inaruka. Tumeamka alfajiri. Habari za nyumbani ni hizi: nyumba tumeifunga, ng'ombe ziko kwa jirani, Nyogokuru amekaa katikati yangu na Zéphirin amevaa kitenge cha Pasaka, na kutoka Rutshuru ananikanyaga muguu kwa sababu napiga dashibodi. Wiki nzima nimepiga beseni lake la plastiki. Limepasuka. Anasema atanidai jipya Goma.

Nimevaa koti langu la fanfari. Vifungo havifungi, tumbo limekuwa kubwa kuliko ngoma yenyewe. Naogopa, mutoto wangu. Miaka kumi na minane sijashika fimbo ile mbele ya watu. Lakini furaha imenijaa hadi nashindwa kukaa.

Kesho utakapoandamana, usiniangalie. Rekruti anaangalia mbele. Anza na muguu wa kushoto, mengine niachie mimi.

Sasa tumefika Kibati, Zéphirin ananionyesha mawe meusi mulikokuwa munakimbia. Barua hii sikumupa aipeleke. Mara hii naileta mwenyewe, nitaisukuma chini ya mulango wenu, na nitasimama inje. Mukiniitikia kutoka ndani siwezi kusikia, kwa hiyo acha kusoma, Igihozo.

Fungua.